Homa ya Mpiga Ngoma

Kila asubuhi Mugdha alimfungia kaka yake chakula, na kila asubuhi Tejas aliondoka bila hata kusema asante, mkoba begani, vijiti vya ngoma vikichungulia. Sikukuu ya Ganesha, mungu wa Wahindu, ilikuwa imekaribia, na vijana wa mji wa Pune, India, walikuwa wakifanya mazoezi ya ngoma kando ya mto. Tejas alikuwa akisomea ufamasia chuo kikuu, lakini mwezi mzima darasani hakukanyaga.

Sikukuu ilipopita, chuo kiliwatangaza waliozuiwa kufanya mtihani kwa kutotimiza mahudhurio ya asilimia sabini na tano. Tejas alikuwemo. Aliyeugua tu ndiye angesamehewa. Basi akajitafutia cheti cha daktari kinachosema alilala mwezi mzima kwa homa ya matumbo. Mkuu wa chuo akamwita na watu wa nyumbani kwake.

“Ukiulizwa, sema nilikuwa kitandani,” Tejas alimwambia Mugdha njiani. “Ukinivuruga, utanitambua!”

“Kitanda gani? Si ulikuwa unashinda mtoni?”

“Funga domo, kijitu wewe!”

“Msikilize kaka yako,” akasema mama yao, aliyekuwa ameandamana nao, bila kumtazama binti yake. Maneno hayo yalimuuma Mugdha kuliko vitisho vyote vya Tejas.

Profesa Karandikar, mkuu wa chuo, alikisoma kile cheti, midomo ameibana.

“Na wewe, binti? Ulimwona akiumwa?”

Tejas alimkanyaga chini ya meza. Mugdha aliogopa, lakini hasira ilizidi hofu.

“Hakuumwa, mwalimu. Alikuwa anapiga ngoma. Siku ya maandamano ya sikukuu nilimshangilia mimi mwenyewe.”

“Nyoka mkubwa!” Tejas akafoka.

“Nyamaza!” Profesa akagonga meza. “Siku moja mama mwenye mtoto mahututi atakupa karatasi ya daktari. Utampimia dawa uliyojifunza wapi? Mtoni? Mtihani hufanyi. Utarudia muhula mzima, na ukikosa vipindi tena, usiniletee cheti wala mama.”

Tejas alirudia muhula. Safari hii alihudhuria kila kipindi, uso ameukunja, na mtihani akaufanya. Lakini miezi yote hiyo hakumsemesha mdogo wake. Hata chakula alichofungiwa naye alikiacha mezani.

Siku moja Mugdha alishindwa kuvumilia, akalia mbele ya mama.

“Nilimharibia kaka?”

Mama aliacha kukanda unga.

“Alijiharibia mwenyewe, na mimi nikaenda kumsaidia kudanganya. Naona aibu mpaka leo. Mwanangu, mtu haendi darasani ili jina lake liitwe. Anakwenda kwa ajili ya watu watakaomtegemea kesho. Ukweli wako ulimkosesha kaka yako mtihani mmoja. Uongo wangu ungemkosesha mtu mtoto wake.”