Antivirasi ya Marehemu Penisimani

"Nani alikutuma uiguse?" Vaimoana alifoka. "Nakuuliza, Kelepi. Nani?"

"Nimefuta folda ya antivirasi tu," mumewe alijibu. "Lile dude lilikuwa linazuia mtandao."

"Na sasa mtandao uko wapi?"

Kelepi alikuna kichwa. Jana mtandao ulikuwa unasuasua. Leo alama yake kwenye kompyuta ilikuwa na msalaba mwekundu.

"Wewe fundi wa magimbi," Vaimoana alisema. "Ungebaki na magimbi yako!"

"Mama, baba, basi," binti yao Lavinia alisihi. "Mjomba anasubiri."

Ni kweli, marehemu alikuwa anasubiri. Penisimani, kaka yake Vaimoana, alifia Auckland. Vaimoana alikuwa hapa Neiafu, kisiwani, ng'ambo ya bahari, na kibali cha kusafiri hakikutoka. Mazishi yalikuwa leo mchana. Huko kanisani walikuwa wametandika mkeka upande wa kichwa cha jeneza, mahali pa dada mkubwa kwa desturi yao. Hakuna aliyeukalia. Semisi, mtoto wa marehemu, alikuwa amesimamisha simu juu ya mkeka huo ili shangazi yake aone na aonekane. Jeneza lisingefungwa kabla dada hajaaga. Lakini makaburini nako kulikuwa na zamu, na zamu haingoji mtu.

Simu ya Lavinia ilikuwa imepasuka kioo. Ya Kelepi ilikuwa ya vitufe. Iliyobaki ni kompyuta hii tu.

Lavinia alitoka mbio. Alirudi na jirani yao Toakase, mwalimu wa kompyuta. Toakase alikuwa amevaa nguo nyeusi, na kiunoni amejifunga mkeka, vazi la msiba la hapa kwao.

"Mnasikika mpaka barabarani," alisema. "Maiti haijazikwa, nyinyi mnagombania folda?"

Aliitazama kompyuta, akamgeukia Kelepi.

"Shemeji, umekata majani, mzizi umebaki. Antivirasi ina sehemu usiyoiona. Inakaa ndani kabisa, penye mlango wa mtandao. Ukifuta folda, ile sehemu haiondoki. Inabaki pale imechanganyikiwa. Haijui imruhusu nani, basi inazuia kila kitu."

"Tuing'oe yote, basi," Kelepi alisema.

"Haing'olewi!" Vaimoana alisema. "Kaka aliiweka mwenyewe kabla hajanitumia kompyuta. Aliniambia, 'Dada, hii itakulinda.' Inafunguliwa kwa nenosiri lake. Mimi hata tulipokuwa watoto sikuwahi kufungua sanduku lake la nguo. Leo hata hajazikwa, nianze kupekua vitu vyake?"

Ndivyo ilivyokuwa desturi yao. Dada hatii mkono kwenye vitu vya kaka yake. Lavinia mwenyewe hakuwa akiingia chumbani kwa kaka yake.

Toakase aliketi karibu na Vaimoana.

"Dada, leseni yake iliisha lini?"

"Alipoanza kuugua. Alikuwa akilipia mwenyewe."

"Basi tangu hapo haikulindi sawasawa. Virusi vipya vinatoka kila siku, nayo haipati habari zake. Na nenosiri la marehemu hatulihitaji. Kampuni iliyoitengeneza inatoa kiondoaji. Kinaondoa programu kwenye mashine hii tu. Akaunti ya Penisimani hakiigusi."

"Hakifungui kitu chake?"

"Hakifungui."

 Vaimoana aliufikiria ule mkeka mtupu huko Auckland. Kaka alituma kompyuta ili waonane. Hakuituma iwazuie wasionane.

"Haya," alisema. "Lakini mkono utakuwa wangu. Kelepi, kaa mbali."

"Kwanza picha zako," Toakase alisema. "Usianze kazi kama hii kabla hujanakili vitu vyako muhimu."

Walinakili picha zote kwenye flashi. Kisha Vaimoana alifungua Mipangilio, akaenda kwenye orodha ya programu. Aliichagua antivirasi, akabonyeza pa kuondoa. Ikagoma.

"Hapa ndipo pa kuanzia siku zote," Toakase alisema. "Mara nyingi kazi huishia hapa. Yenu imegoma kwa sababu shemeji amekwisha kuichana."

Kelepi aliinamisha kichwa.

Toakase alichomeka flashi yake nyingine. "Kiondoaji hiki nimekipakua nyumbani Lavinia aliponieleza, kwenye tovuti ya kampuni yenyewe. Msipakue kwenye tangazo lolote. Mengi ni mitego. Na mkiona ujumbe unaosema, 'Kompyuta imeharibika, pigeni namba hii,' msipige. Sasa dada, shikilia kitufe cha Shift, huku unachagua kuwasha upya. Tutaiamsha katika hali salama, ikiwa na vitu vya lazima tu. Mzizi utakuwa umelala. Ndipo unapong'oka."

Waliendelea hatua kwa hatua. Skrini ikawa nyeusi, yenye maandishi makubwa.

"Imekufa!" Lavinia alilia.

"Haijafa. Imeamka nusu."

Vaimoana alifungua kiondoaji. Kiliuliza kama ana uhakika. Kidole chake kilisita.

"Mama Lavinia," Kelepi aliita kwa sauti ya chini. "Nisamehe."

"Nitakusamehe jioni," alisema, akabonyeza.

Kiondoaji kilifanya kazi yake. Kompyuta ilizimika, ikawaka kama kawaida. Msalaba mwekundu ulikuwa umetoweka.

"Piga, mama!" Lavinia alisema.

"Bado," Toakase alisema. "Usiache nyumba bila mlinzi." Alimwonyesha ukurasa wa usalama wa Windows. Kinga iliyokuja na kompyuta ilikuwa imejiwasha yenyewe. "Hii inatosha. Hakikisha tu imewaka, na uiache ijisasishe. Usiweke antivirasi mbili. Zinagombana, na anayeumia ni wewe. Sasa piga."

Vaimoana alipiga. Wimbo wa kanisani ulijaa chumbani, sauti nzito za wanaume na nyembamba za wanawake. Uso wa Semisi ulitokea, macho mekundu.

"Shangazi amefika!" aliwaambia watu. Waliozunguka jeneza walisogea kando.

Vaimoana alinyoosha mgongo. Kelepi na Lavinia walikaa nyuma yake. Alimtazama kaka yake usoni, kwa muda mrefu, hadi wimbo ukaisha.

"Nenda salama, Penisimani," alisema.

Huko Auckland hakuna aliyesogea. Walikuwa wakimngoja yeye.

"Fungeni," alisema.

Wakafunga.