Zamu ya Maji ya Mahrous

Land Cruiser ilizama mchangani nje ya Ras al Hadd.

Yaarub, afisa wa usalama, alikuwa ameshamfikia dereva, bastola ya Browning mkononi. Chini ya nyavu za samaki mlikuwa na masanduku ya bunduki za Kalashnikov.

Dereva huyo, Turki, mfanyabiashara wa Sur, aliinua mikono akitabasamu.

"Mpigie bwana wako kwanza."

Yaarub akashika redio, akamwita mkuu wake.

"Nimempata. Na mzigo."

"Lete mzigo. Mtu muache."

"Sidi, ndiye yeye."

"Ni wetu tangu jana. Wa kushitakiwa yupo."

Wa kushitakiwa alikuwa Mahrous, mwalimu aliyerudi kutoka Unguja, mwenye mitende kijijini karibu na Ibra na mdomo usiojua kunyamaza. Shitaka lilidai kwamba Jumatano ile Turki alipokamatwa, asubuhi, silaha zilikuwa mikononi mwake. Asubuhi hiyo Mahrous alikuwa kwenye falaji, mfereji wa kijiji, akinywesha mitende kwa zamu yake.

Mahakama ilitaka mashahidi wawili. Wa kwanza, Turki.

Yaarub alikataa kuwa wa pili. Mkuu wake, Khelef, hakugomba. Alimweleza tu kwamba akiapa, Mahrous atafungwa miaka saba. Asipoapa, kesi itahamishiwa kambini kwa jeshi, na kambini hawafungi mtu. Wanazika.

Yaarub aliapa.

Mahrous akamgeukia kadhi, ambaye shamba lake hupokea maji baada ya la Mahrous.

"Shekhe, Jumatano nilikukabidhi maji kwa mkono wangu. Ukaniuliza hali ya mke wangu, Hamda."

Kadhi alimtazama Khelef, aliyesimama mlangoni. Akaweka sawa kilemba.

"Kadhi si shahidi."

Miaka saba.

Akipitishwa na pingu mbele ya Yaarub, Mahrous alisema kwa Kiswahili, lugha ya mama yake Yaarub, taratibu:

"Umeapa vizuri, mwana wa Bi Khole. Sasa mitende yangu nani ataipa maji?"

Redio ilitangaza kwamba njama imezimwa. Khelef alipandishwa cheo.

Jumatano iliyofuata, Hamda, mke wa Mahrous, hakumfungulia Yaarub mlango. Yaarub akaenda moja kwa moja kwenye falaji, akakunja kanzu, akang'oa jiwe lililoziba mfereji. Maji yakakimbilia mitende.

Zamu ilipokwisha, kadhi alifika kupokea yake. Alisimama ghafla.

"Leo umekuja wewe?"

Yaarub alirudisha jiwe mahali pake, akayaacha maji yaende kwa kadhi. Akavaa miwani yake ya jua ya Ray-Ban.

"Hukuniona, shekhe."

Akaondoka bila haraka.