Kopo la Pipi za Bibi

Katika nyumba hii Jumamosi ni siku ya biskuti. Mama wa watoto hufanya kazi kwa dobi siku tano za wiki, anapiga pasi mashati ya watu mpaka mkono unakufa ganzi. Jumamosi anapumzika kwa kukanda unga. Ndivyo anavyopumzika yeye, usimwulize. Watoto wake wawili humsaidia. Wa kwanza ana miaka tisa na wote humwita Dada, kwa sababu mdogo wake hamwiti vinginevyo. Huyo mdogo ana miaka minne na mashavu ya kutosha watu wawili. Jina lake la nyumbani ni Kibonge. Baba yao ni dereva wa lori, na wiki hiyo alikuwa safarini.

Yupo pia Bibi, mama mzazi wa dereva. Bibi alikuwa fundi cherehani kwa miaka arobaini. Kazi hiyo ilimwachia vidole vinavyouma na macho ya kukagua. Mgeni akitoka, Bibi huhesabu vijiko. Muuza mkate akimchekea, Bibi hujiuliza mkate huo ni wa lini. Hata saa ya ukutani haiamini mpaka asikie redio.

Bibi ana presha. Kila asubuhi humeza kidonge kimoja cha rangi ya pinki. Vidonge hivyo hutoka duka la dawa vikiwa katika karatasi ngumu, kila kimoja na chumba chake, na vidole vya Bibi haviwezi kuvitoa. Kwa hiyo kila tarehe mosi mkwe wake, yaani mama wa watoto, alivitoa vyote thelathini na kuvitia katika kopo tupu la pipi. Kopo lilikuwa na picha ya pipi za rangi rangi na kifuniko chepesi. Lilikaa kwenye rafu ya jikoni, karibu na sukari, ili Bibi asisahau.

Tena kulikuwa na jambo lingine. Zamani Kibonge alilia kila alipomwona Bibi akimeza dawa. Alidhani Bibi anakufa. Bibi akamwambia, "Hii si dawa, mjukuu wangu. Ni pipi ya Bibi." Mtoto akanyamaza, na tangu siku hiyo dawa ikaitwa pipi.

Jumamosi moja, tarehe kumi na mbili, Bibi alimeza kidonge chake saa mbili asubuhi. Kisha akahesabu vilivyobaki, kama afanyavyo kila Jumamosi. Vilitakiwa kuwa kumi na nane. Vilikuwa kumi na tano. Akavimwaga mezani, akahesabu upya. Bado kumi na tano.

Mtu mwingine angeuliza. Bibi hakuuliza. Alirudisha kopo rafuni, akafunga mdomo, akaanza upelelezi.

Wa kwanza kushukiwa alikuwa mkwe wake. Mama mzazi wa mkwe naye ana presha, na wiki iliyopita mkwe alimtumia mfuko wa nguo. Nani aliona chini ya nguo kulikuwa na nini? Wa pili alikuwa jirani wa mlango wa pili, mfamasia, ambaye Bibi alimpa jina la Mama Maswali. Kila akipita huuliza: unameza dawa zako saa ngapi, unazitunza wapi, nani huingia jikoni? Bibi hakuyapenda maswali hayo hata kidogo. Mtu ana duka zima la dawa, alijisemea, za kwangu anazitakia nini?

Mchana unga wa biskuti ulikuwa tayari. Siagi na sukari zilikuwa zimepigwa pamoja, mayai yameingia, na unga wa ngano umekandwa ukawa laini. Dada aliviringisha madonge madogo na kuyapanga kwenye trei. Kibonge alikuwa na kazi anayoipenda kuliko zote: kubandika pipi za rangi juu ya kila donge. Nyekundu hapa, ya kijani pale, ya njano mdomoni. Kopo la pipi hizo lilikuwa pacha wa kopo la Bibi. Duka moja, picha moja, kifuniko kimoja.

Bibi aliweka kiti mlangoni. Alisema anataka upepo, na upepo wenyewe haukuwepo. Macho yake yote yalikuwa kwa mkwe. Mkwe akifungua kabati, Bibi anainua shingo. Mkwe akitia mkono mfukoni, Bibi anakohoa. Mkwe aliyaona hayo yote na yalimuuma. Ameishi na mama huyu miaka kumi, na bado anakaguliwa kama mgeni. Alifuta meza mahali palipokuwa safi.

Nyuma yao, Kibonge alipanda juu ya kigoda. Alitaka kutengeneza biskuti moja kubwa, ya peke yake. Alishusha kopo kutoka rafuni, akalifungua, akafanya kazi yake, akalirudisha. Bibi alikuwa hatua tatu tu kutoka kwake, lakini alikuwa akimpeleleza mtu mzima.

Biskuti zikaiva, zikatolewa, zikapoa. Kibonge alionyesha ile kubwa na kusema ni ya Bibi. Mkwe aliiweka kwenye kisahani, akampelekea Bibi kwa mikono miwili.

"Mama, hii ni yako. Imetengenezwa maalumu."

Neno hilo lilimkaa Bibi vibaya. Maalumu kwa nini? Akageuza kisahani kwenye mwanga. Kwenye biskuti nyingine, pipi zilikuwa zimepasuka kwa moto na rangi zake kuchuja. Za kwenye biskuti yake hazikupasuka. Zilikuwa tatu, ndogo, za pinki, na kila moja ilikuwa na mstari katikati. Bibi aliujua mstari ule.

Alimrudishia mkwe kisahani. "Vidonge vyangu vinapotea, nikanyamaza," alisema. "Leo navikuta ndani ya biskuti. Unataka kuniua, mwanangu?"

Mkwe hakuelewa. Kisha akaitazama biskuti vizuri, na uso ukampauka. Kabla hajajibu, Kibonge alikuja kati yao akijivuna.

"Ni mimi niliyeweka," alisema. "Pipi za Bibi kwenye biskuti ya Bibi."

Mkwe alichuchumaa mbele ya mtoto, akamshika mabega.

"Na wewe ulikula pipi za Bibi?"

Kibonge alisoma uso wa mama yake, akaona afadhali aseme kidogo. "Nje ni tamu," alisema. "Ndani chungu."

Hapo Bibi alisahau kwamba magoti yanamuuma. Aliruka na kumshika mtoto, akitaka kumtia kidole kooni atapike. Mkwe alikimbilia maziwa. Dada peke yake ndiye aliyefanya la maana. Alitoka mbio kwenda mlango wa pili.

Mfamasia aliingia na kandambili, miwani juu ya kichwa. Neno lake la kwanza lilikuwa wamwachie mtoto.

"Msimtapishe. Akitapika anaweza kupaliwa, dawa ikaingia kwenye njia ya hewa. Maziwa nayo acheni, hayaondoi dawa. Asile wala asinywe chochote mpaka daktari amwone." Alimtazama mtoto macho, akashika kifundo cha mkono wake na kusikiliza mapigo. "Anaonekana mzima, lakini tusidanganyike. Dawa ya presha inaweza kukaa saa kadhaa kabla haijaonyesha nguvu yake. Tunakwenda hospitali sasa hivi. Nipeni ile karatasi yenye jina la dawa."

Karatasi zilikwishatupwa tangu tarehe mosi. Kopo halikusema chochote ila pipi tamu za matunda. Ikabidi mkwe akimbilie chumbani kutafuta kadi ya kliniki ya Bibi, ambamo jina la dawa na kipimo chake vimeandikwa.

Mfamasia alihesabu. Ndani ya kopo mlikuwa na vidonge kumi. Juu ya biskuti kulikuwa na vitatu.

"Kumi na tatu," alisema. "Kabla ya hapo vilikuwa vingapi? Daktari ataniuliza hilo kwanza."

Mkwe hakujua. Alianza kuhesabu siku kwa vidole, akafika kumi na nane. Kama ni hivyo, vidonge vitano vilikuwa tumboni mwa mtoto wa miaka minne. Alianza kulia.

Bibi alijua. Lakini kusema ni kujivua nguo mbele ya watu wale wale aliowashuku. Alimtazama Kibonge, ambaye bado alikuwa na unga kwenye mashavu.

"Vilikuwa kumi na tano," alisema. "Nilihesabu saa mbili asubuhi."

"Una hakika, Mama?" mfamasia aliuliza.

"Mara mbili. Vitatu vilikuwa vimekwisha kupotea. Nilinyamaza ili nimkamate mwizi." Akamtazama mkwe, kisha mfamasia. "Nilidhani ni nyinyi wawili."

Hapakuwa na nafasi ya hasira. Mfamasia alisema tu kwamba basi ni viwili, na vimeliwa leo. Vile vitatu vya kwanza Dada alivikumbuka mwenyewe. Alhamisi mwanasesere wa Kibonge alikuwa mgonjwa na alipewa "pipi za Bibi". Dada alidhani ni pipi kweli. Aliinua mto wa mwanasesere na kuvikuta vitatu, vimegandia kwenye kitambaa. Wakapanda gari la jirani mwingine, wakaondoka.

Hospitalini daktari aliuliza dawa gani, ngapi, saa ngapi. Alijibiwa yote matatu, na matibabu yakaanza bila kubahatisha. Jioni Kibonge alilegea, presha yake ikashuka, akawekewa dripu. Bibi alikaa kwenye benchi kando ya kitanda. Aliogopa, na aliona aibu kuliko alivyowahi kuona maishani. Safari hii hakuwa na mtu wa kumshuku ila yeye mwenyewe.

Jumapili mchana walimrudisha Kibonge nyumbani, mzima, akidai biskuti. Hazikuwepo. Trei nzima ilikwishatupwa, kwa sababu hakuna aliyejua ndani ya nyingine mna nini.

Mfamasia alikuja kumwona mtoto. Bibi alimpa kiti, na hakuikagua mikono ya mgeni wake. Alimwuliza kosa lao lilikuwa lipi hasa.

"Mlimwambia ni pipi," mfamasia alijibu. "Mkaitia katika kopo la pipi. Mkaiweka karibu na sukari. Sasa mtoto amekosa nini?"

Mfamasia akawaeleza la kufanya. Dawa ibaki ndani ya karatasi yake mpaka saa ya kuimeza, ili jina na tarehe ya kuharibika visipotee. Ifungiwe mahali pa juu, si jikoni. Isimezwe mbele ya watoto wadogo, maana wanapenda kuiga. Na iitwe dawa, hata kama mtoto analia. Kisha akasema jambo ambalo Bibi hakulitarajia.

"Kuhesabu kwako kumetusaidia sana, Mama. Endelea kuhesabu. Ila zikipungua, uliza siku hiyo hiyo. Ungeuliza saa mbili, saa nane tusingekuwa hospitalini."

Bibi alikuwa na sanduku la chuma la enzi za cherehani, lenye kufuli. Alitoa mikasi na nyuzi, akatia dawa mpya, ikiwa bado ndani ya karatasi yake. Dada alipanda juu ya kiti na kuliweka juu ya kabati la nguo. Ufunguo Bibi aliutia mkononi mwa mkwe.

"Uwe unanitolea kimoja kila asubuhi," alisema. "Vidole vyangu haviwezi kufuli."

Vidole vile vilikuwa vimeifungua kufuli ile kwa miaka arobaini, na mkwe alilijua hilo. Aliufunga ufunguo kwenye pindo la kanga yake.

Jumamosi iliyofuata unga ulikandwa tena. Kiti cha Bibi hakikuwa mlangoni. Kilikuwa mezani, na Bibi mwenyewe alikuwa akiviringisha madonge kwa vidole vyake vibovu, yakitoka mapana upande mmoja. Kibonge alimtengenezea biskuti kubwa. Ilipopoa, Bibi aliigeuza kwenye mwanga. Tabia haiondoki kwa wiki moja.

"Kagua tu, Mama," mkwe alisema akicheka.

"Hizi ni pipi," Kibonge alisema. "Dawa iko juu. Si yangu."

Bibi akala. Alikula yote, akapangusa midomo.

"Mama yako," alimwambia mkwe, "dawa zake za presha anazitunza wapi?"

Mkono wa mkwe ulisimama juu ya trei. Wiki iliyopita swali hilo lingekuwa na mwiba ndani yake. Aliutafuta mwiba usoni pa Bibi, asiuone.

"Kwa kweli, Mama, sijui. Na kuna watoto wadogo pale nyumbani."

"Basi mpigie simu sasa hivi." Bibi alivuta kiti karibu. "Akipokea, nipe mimi. Nina maswali."