Sufi Juu ya Maji

Kila Jumamosi Hana alipitia kwenye mashine ya kukoboa mpunga pale Usevya kuchukua kopo la oili chafu. Baba yake, mzee Manyanda, aliipaka kwenye nguzo za zizi ili zisiliwe na mchwa. Njia ilikuwa fupi, lakini Hana aliirefusha mwenyewe, maana mawazo yake hayakukaa nyumbani.

Siku hiyo aliketi kando ya kidimbwi cha kunyweshea ng'ombe, akatazama mawingu yakitembea ndani ya maji. Hata hakujua kiwiko chake kiligusa kopo saa ngapi. Aliona tu rangi zikitandaa, zambarau, kijani na dhahabu, akatabasamu kama yumo ndotoni. Kisha harufu ikampiga puani. Kopo lilikuwa tupu!

Kengele za ng'ombe zilisikika vichakani; baba yake alikuwa akiwaleta kunywa. Akinyamaza, nani atajua? Lakini ndama wake, Mabula, hupenda kutangulia kunywa.

"Baba, simama! Usiwanyweshe! Nimemwaga oili, ni mimi."

Manyanda aliwazuia ng'ombe kwa fimbo, uso umemkunjamana. "Mayo!" alimaka kwa Kisukuma, yaani mama yangu. "Na kiu yote hii?"

Jirani yao Mwanaiddi, mshonaji wa mito ya kulalia, alisikia makelele. Akaja na kiroba cha masazo ya sufi, yale yenye mbegu na vumbi ambayo huyatupa. Hana akayapokea kwa pupa, akayakandamiza chini ya maji. Yakaibuka makavu vilevile.

Mwanaiddi akacheka. "Sufi haitaki maji, mwanangu, inataka mafuta. Sasa unaizamisha ya nini? Iache ielee."

Wakaitandaza. Weupe ule ulielea taratibu, ukawa kahawia, kisha mweusi, kana kwamba mawingu yameshuka kuosha kidimbwi. Waliizoa kwa tenga na kuweka nyingine, mara tatu, mpaka maji yakabaki na rangi ya anga tu. Hata hivyo Manyanda hakutaka kubahatisha. Siku hiyo ng'ombe walinyweshwa mtoni.

Jioni Hana alisubiri fimbo. Baba yake akamketisha karibu.

"Wahenga walisema maji yakimwagika hayazoleki," alisema. "Leo oili imezoleka, kwa sababu uliita mapema. Ungenyamaza, sasa hivi ningekuwa namchuna Mabula ngozi. Ukikosea, mwanangu, sema wakati bado lipo la kufanya."