Mofini ya Bi Mwaija

Dawa ilikuwa ya uongo. Efrazia alilijua hilo Jumanne saa tatu asubuhi, katika nyumba moja nje kidogo ya mji wa Handeni, baada ya kuweka tone moja ulimini. Mofini ya maji ni chungu. Haya yalikuwa maji yaliyotiwa rangi ya juisi.

Hakuja kupeleleza mtu. Alikuwa msimamizi wa makarani wa utafiti wa kitaifa, wale wanaopita na vishikwambi wakiuliza nani alilazwa hospitali, nani anauguzwa nyumbani, nani anahudumiwa na watu wa tiba shufaa, ile ya kupunguza maumivu. Lakini kabla ya takwimu alikuwa nesi. Alipouliza kama dawa inamtuliza mgonjwa, Munira, binti wa nyumba ile, alijibu, "Zamani ilimtuliza. Chupa hii mpya hata kidogo."

Chumbani, mama yake, Bi Mwaija, mwenye saratani, alikuwa anauma upindo wa kanga asije akalia mbele ya mgeni. Efrazia alikasirika sana, na akikasirika huwa mpole kupita kawaida.

Mtendaji wa kijiji, Mzee Mhina, ni mtu anayependa kesi ziishe kabla chai haijapoa. "Nesi ndiye analeta dawa, nesi ndiye mwizi," alisema alipofika. "Napiga simu polisi."

"Shikamoo mzee. Nipe mpaka adhuhuri," Efrazia alimwambia. "Kituo cha afya hakitoi chupa nyingine mpaka ijulikane hii imekwendaje. Tukimkamata asiyehusika, hata hiyo nyingine itaibiwa, na mama ataendelea kuumia."

Nesi mwenyewe, Husna, alikuwa ameitwa. Alisimama uani.

"Chupa niliipokea kituoni Old Korogwe, imefungwa," alieleza. "Pikipiki yangu mbovu, nikampa Ukasha, mume wa Munira, alikuwa anarudi huku. Nilipokuja kesho yake nikakuta imeshafunguliwa, mama ameshanyweshwa."

"Uliionja?"

"Sikuionja, dada. Kosa langu."

"Basi ni binti!" Mzee Mhina alidakia.

Munira alimgeukia. "Mzee wangu, mimi ndiye ninayekesha naye. Nimuibie mama dawa ili alie zaidi, nikeshe zaidi?"

Mzee Mhina alikohoa, akairudisha simu mfukoni.

Muda mfupi baadaye Ukasha aliingia uani na pikipiki. Alishusha gunia la mahindi, akalibeba begani hadi jikoni, kisha akachutama mbali na nyumba, uso chini, mgongo ameuelekeza mlangoni.

"Shikamoo mama."

"Marahaba, baba," sauti dhaifu ilijibu kutoka ndani.

Kwao Efrazia, kule Vugiri, mkoa huuhuu, wakwe huheshimiana hivyohivyo, na kijana alimpendeza. Hata hivyo, gunia lile lilimsumbua. Juma lililopita karani wake alikuwa amemhoji Ukasha huyuhuyu. Alianguka na pikipiki, nyonga ikaumia vibaya, akalazwa, akaruhusiwa. Karani alisema hakuweza hata kukaa kwenye kigoda.

Alimwita pembeni. "Kaka Ukasha, uliifikishaje chupa?"

"Imefungwa vilevile, madam. Nikampa Munira hapa uani. Ila kesho yake nesi alikuja, nikamwona kwa macho yangu."

"Ukamwona anafanya nini?"

"Anahamishia dawa kwenye chupa yake. Mle chumbani, pembeni ya kitanda. Nilikuwa palepale, nimemshikia mama kichwa anywe."

Efrazia alimshukuru kwa adabu zote, kisha akawaita wote uani.

"Mzee Mhina, mkweo wa kiume ameshawahi kuingia chumbani kwa mkeo?"

Mzee aliruka. "Mwiko! Unanitukana?"

"Munira, je, mumeo na chumba cha mama?"

"Hajawahi kukanyaga. Tangu anioe." Munira alimtazama mumewe polepole. "Kwani amesema ameingia?"

"Amesema alimshika mama kichwa."

Husna aliziba mdomo.

"Ulidhani mtu wa takwimu katoka Dodoma, atameza chochote," Efrazia alisema. "Mimi ni Mshambaa wa Vugiri, kaka. Ili umshuhudie nesi chumbani, ilibidi uwemo, na humo huingii. Umetunga ushahidi. Na nyonga iliyokushinda juma lililopita, leo inabeba gunia. Nani kakutibu? Dawa ya namna hiyo huwezi kukaa mbali nayo. Fungua kiti cha pikipiki."

Ukasha hakusogea. Mzee Mhina ndiye aliyeinua kiti, akatoa chupa ya soda, nusu yake ikiwa na dawa. Efrazia alionja tone. Chungu.

"Sikuuza hata kidogo," Ukasha alisema, machozi yakimtoka. "Hospitali wamenitoa bado nalia. Kwenye takwimu zenu mimi si nimepona?"

"Umehesabiwa umeruhusiwa," Efrazia alikiri, na jibu hilo lilimuuma.

"Nilipotoka Korogwe nikashindwa kukaa kwenye pikipiki. Nikanywa kidogo. Maumivu yakaisha, madam, yakaisha kabisa! Nikaogopa yasije yakarudi. Nikahamisha yote, nikatia maji yenye rangi ya juisi, nikakifunga kifuniko vizuri kisionekane kimefunguliwa."

"Kwako hayakurudi," Munira alisema. "Yalimrudia mama. Halafu ukamsingizia nesi."

Mzee Mhina alimpeleka Ukasha polisi. Husna aliomba radhi kituo cha afya kwa simu, akaeleza yote, na alasiri chupa nyingine ikafika. Bi Mwaija alikunywa, akakunja uso kwa uchungu wa dawa, na baada ya muda kanga ikamtoka mdomoni. Alilala.

Munira alikaa kizingitini, akajifuta macho.

"Dada Husna, yule aliyeko polisi, nyonga inamuuma kweli. Si uongo ule."

"Najua. Kesho nitakwenda kumwona, nimwombee daktari."

"Kesho mbali," Munira alisema. "Huwa inamuuma usiku."