Zikifika Sabini

Kabichi ya arobaini na tatu ndiyo iliyompotezea Gladys hesabu. Alikuwa amesimama sokoni Gakoromone na sweta yake ya samawati, buti za mpira zimejaa tope la Kianjokoma alikotoka na mzigo alfajiri, akihesabu kwa sauti kabichi zikishushwa kutoka kwenye lori. Wapakuaji wengine hupeana mkono kwa mkono. Huyu wa juu alikuwa anarusha, na kila kabichi ilitua kifuani mwa mwenzake, hatua kumi na tano mbali, bila hata jani kuchanika.

"Madam, umenyamaza," akamwita kutoka juu. "Tuko ngapi?"

"Sijui. Umeniharibia."

"Basi turudishe zote tuanze tena. Mimi na wewe hatuna haraka."

Gladys akacheka kabla hajajizuia, na hapo mambo yakawa yameanza.

Jina lake lilikuwa Bundi, na kabichi zilikuwa kibarua tu. Kazi yake hasa ilikuwa besiboli. Yeye ndiye mrushaji, yule anayesimama katikati ya uwanja na kuupitisha mpira mbele ya mtu mwenye gongo. Misimu miwili alikuwa amelipwa mshahara kwa kazi hiyo ng'ambo, mpaka bega likamrudisha nyumbani. Daktari alimpa sharti moja: asirushe zaidi ya mara sabini katika mechi. Akipitisha, mkono utakwisha.

Kochi Muthamia wa timu yake ya hapa nyumbani aliposikia kwamba msichana wa Bundi huhesabu lori zima bila kukosea, alimkabidhi kidude cha kubonyeza. Kila mpira ukirushwa, anabonyeza mara moja.

"Zikifika sabini unasimama unaniambia," kochi akasema. "Hata mbingu ikianguka."

Nyumbani, nyanya yake, aliyemwita cucu, hakuipenda kazi hiyo. "Kwetu kinachopendwa hakihesabiwi," alimwambia Gladys. "Uliza mama ana watoto wangapi, atakujibu wako wa kutosha."

"Cucu, mimi nahesabu mipira. Sihesabu mtu."

"Na mipira inatoka wapi, kama si mkononi mwa mtu?"

Gladys alilipuuza neno hilo, lakini lilimkaa moyoni. Kadiri alivyozidi kumpenda Bundi, ndivyo kidole gumba kilivyozidi kuwa kizito.

Kisha ikaja mechi kubwa. Siku moja kabla, Bundi alimpigia simu.

"Sweetheart, kesho yule mzungu anayetafutia timu ya Italia wachezaji anakuja kuniangalia. Akinipenda, nasaini."

"Nimeskia. Nakuombea."

"Lakini sabini haziwezi kumaliza mechi, Glady."

"Usiniombe hivyo, Bundi."

"Sijaomba kitu. Nimesema tu."

Siku hiyo Bundi alivaa jezi nyeupe namba kumi na moja, aliyoipiga pasi mwenyewe. Alirusha vizuri kuliko siku zote. Wapigaji walitoka mmoja baada ya mwingine wakikokota magongo yao, na mzungu alikuwa ameacha kuandika, akitazama tu. Bundi alikuwa anatabasamu. Gladys alimtazama akijua kwamba ni yeye atakayelizima tabasamu lile, na kidole chake kikaruka mpira mmoja. Kikaruka na mwingine, na mwingine tena. Alijiambia kwamba kinachopendwa hakihesabiwi, ingawa alijua vizuri anajidanganya.

Kidude kilikuwa kinasoma sitini na sita mpira ulipoanguka katikati ya njia. Bundi akapiga magoti, ameshika bega. Mzungu alifunga daftari lake akaondoka bila kumuaga mtu.

Wiki mbili baadaye, Bundi akapiga simu kutoka kitandani hospitalini.

"Wamenipasua, mpenzi. Daktari anasema huu mkono hautarusha tena. Glady? Uko?"

Gladys angesema nini? Akakata simu. Jioni ujumbe ukaingia: *Nimeelewa. Ulipenda mkono, hukupenda mtu.*

Aliusoma mara nyingi, akalia. Akamwacha aamini hivyo, kwa sababu kuitwa mwanamke asiye na moyo kulikuwa kwepesi kuliko kukiri alichofanya. Soko la Gakoromone akaliacha, akawa anabaki Kianjokoma kuhesabu kabichi zikipakiwa.

Mwezi wa tano tangu siku ile, kabla jua halijapanda, Bundi alitokea pale penye lori. Alikuwa amekonda, amevaa koti jeusi la kanisani, na mkono wa kulia ulining'inia ndani ya mkono wa koti. Kaka yake Gladys, Njura, aliyekuwa juu ya lori akipanga mzigo, alisimama akamtazama.

Bundi akatoa mfukoni kile kidude Gladys alichomrudishia kochi, bado kinasoma sitini na sita, na karatasi iliyokunjwa.

"Timu ile nyingine pia walikuwa na mtu wa kuhesabu," alisema. "Kochi amenipa karatasi yao juzi. Wao waliandika tisini na moja."

Gladys aliipokea karatasi, akaisoma. "Nilikuua, Bundi. Ni mimi. Niliruka."

"Ngoja. Unafikiri mimi sikuwa nahesabu? Sabini ikipita nilijua. Nilitaka Italia, nikanyamaza. Nilidhani umepotea hesabu tu. Halafu ukanikatia simu, nikajua umenikimbia juu ya mkono. Sasa hii karatasi ndiyo imenionyesha ulikuwa unakimbia nini."

"Nilitaka uendelee kufurahi."

"Najua. Na mimi nilikutegea kwa simu usiku ule kabla ya mechi. Tulikosa wawili, Glady." Akafuta macho na mkono wa kushoto, bila kuona haya mbele ya Njura. "Kochi amenipa vijana niwafunze. Sina kingine cha kukuletea. Nikituma wazee kwa baba yako, utawarudisha?"

"Mtu ataniaminije na hesabu tena?"

Bundi alivua koti, akaliweka juu ya uzio, akaokota kabichi kwa mkono wa kushoto. Ya kwanza ilimpita Njura ikaangukia ng'ambo ya lori.

"Hesabu," alisema.

"Moja," Gladys akasema huku machozi yakimtiririka.

Bundi akarusha, Gladys akahesabu. Kufikia thelathini Njura alikuwa anazidaka kifuani. Kufikia sitini jasho lilikuwa limemlowesha shati Bundi, na kwa mara ya kwanza tangu afike alikuwa anatabasamu. Zilikuwa zimebaki kabichi chache tu chini, na tayari moja ilikuwa mkononi mwake.

"Sabini," Gladys akasema kwa sauti. "Basi, Bundi. Imetosha."

Bundi aliitazama ile kabichi, akamtazama yeye, akaiweka chini.