Fomu Ndani ya Atlasi

Tangu Bi Salhiya aingie eda, bintiye Ummy ndiye aliyekuwa miguu ya nyumba yao ya Mkunazini. Asubuhi skuli, alasiri chuoni kwa Kurani, na katikati yake sokoni Darajani, maana mjane hatoki mpaka itimie miezi minne na siku kumi. Majirani walimsifu sana, naye Ummy, kwa miaka yake kumi na miwili, hakuzichukia sifa hizo.

Siku moja alikuja ami yake, Abdulrazak, na habari nzito. Mafao ya marehemu kaka yake, Borafya, baba yake Ummy, aliyekuwa fundi wa maji serikalini, yalikuwa na mzozo. Fomu iliyopo ofisini ilimtaja mke mmoja tu, Bi Salhiya. Mke wa pili, Bi Mwanakheir wa Chwaka, mkulima wa mwani mwenye mtoto mchanga, hakuandikwa. Ndugu zake Bi Mwanakheir walikuwa wakisema Bi Salhiya ndiye aliyemzuia mumewe asimwandike.

"Sikumzuia, shemeji," alisema Bi Salhiya. "Shahidi wangu ni Mungu."

Ummy alijua kuwa shahidi mwingine ni yeye. Mwaka uliopita baba yake alimpa fomu mpya, yenye majina ya wake wote wawili, aipitishe ofisini akienda skuli. Aliisoma njiani, wivu ukampanda, akaificha ndani ya jalada la atlasi. Baba alipomuuliza, alimjibu, "Nshaipeleka." Baba aliamini, na alikufa akiamini.

Aibu ilimchoma. Akinyamaza, mafao yote huenda yakawa ya mama yake, lakini jina la mama litabaki na doa. Aliingia chumbani, akarudi na ile fomu, akasema yote huku akilia.

Ami Abdulrazak aliisoma, kisha akasema taratibu kuwa fomu isiyopokelewa bado ni karatasi tu, na shemeji yake akitaka anaweza kuiacha hapo hapo.

"Mume tulishirikiana," alijibu Bi Salhiya. "Jasho lake halitatushinda kugawana. Kesho Ummy aipeleke mwenyewe."

Kesho yake Ummy alisimama mbele ya afisa, Bi Bashira, akaeleza kosa lake bila kujificha nyuma ya ami. Bi Bashira aliipokea fomu, akataka vyeti vya ndoa zote mbili, akasema mke wa halali haachwi kando kwa sababu ya karatasi iliyochelewa. Baada ya wiki chache wajane wote wawili waliandikwa.

Eda waliianza siku moja, na siku moja wakaitoka. Bi Mwanakheir alikuja mjini, akamweka mwanawe mapajani mwa Ummy, na nduguze wakamwomba radhi Bi Salhiya.

"Haki ya mtu ni amana, mwanangu, hata ya mtu usiyempenda," alisema Bi Salhiya mbele ya wote, akimtazama bintiye kwa fahari. "Ulimwambia baba yako ushaipeleka. Sasa ndiyo ushaipeleka."